Mpeleka Habari wa Divisheni ya Jangwa

Korona ilipoingia mwaka wake wa pili, wakubwa wa mchezo wa magongo ya barafuni walipata wazo ambalo mtu mwenye akili timamu asingethubutu kulitoa mbele za watu. Mipaka ilikuwa imefungwa, na timu zao za kulipwa, zilizozoea kuruka nchi hadi nchi kama wewe unavyovuka barabara kwenda dukani, zilikuwa zimekwama. Basi wakachukua timu nne, wakazileta Dubai, kwenye jua la kukaanga yai, wakazifungia humo zicheze zenyewe kwa zenyewe. Wakaiita Divisheni ya Jangwa. Ilikuwa ya msimu mmoja tu, na kila mtu alijua kwamba msimu ukiisha itang'olewa kama turubai la harusi.

Uwanja wenyewe ulikuwa upande wa Rashidiya, umeungana na hoteli kwa ujia mrefu wenye zulia. Sharti lilikuwa moja: aliyeingia hatoki mpaka fainali, na aliyetoka harudi. Wachezaji, makocha, wapishi, wafuaji na walinzi, wote walikuwa ndani. Wakubwa walikuwa na jina lao la Kiingereza la mpango huo. Wafanyakazi waliuita Zizi, na mimi sioni jina lililoufaa zaidi.

Dereva wa gari la barafu katika Zizi hilo alikuwa Duncan Makokha, mtu wa Butere. Gari hilo lina ukubwa wa trekta. Linakwangua barafu iliyochanwachanwa na viatu vya vyuma, kisha linamwaga maji ya moto nyuma yake, na maji yale yakiganda uwanja unang'aa upya. Nyumbani walimcheka alipowaambia kwamba barafu hulainishwa kwa maji ya moto. Walisema Dubai imemfundisha uongo. Duncan alikuwa ameendesha matrekta ya miwa kule Mumias, na siku bosi alipouliza nani anaweza kuendesha trekta, alinyoosha mkono kabla ya kujua ni shamba gani litakalolimwa.

Mkewe Mercyline alibaki nje. Alikuwa msafishaji katika jengo la maofisi, akikaa Al Nahda chumba kimoja na Rosette, Mganda mwenye sauti kubwa na roho kubwa zaidi. Kutoka Zizi hadi kwao, ukipanda teksi, redio haijamaliza taarifa ya habari umeshafika. Lakini msimu mzima Duncan na mkewe walionana kwenye simu tu. Walikuwa wamepanga kwamba siku ya kufunga divisheni Mercyline atamngoja mlangoni, kisha wapande ndege pamoja kwenda kumwona binti yao Everlyn, aliyekuwa akilelewa na mama yake Duncan.

Sasa, gari la barafu lilimpa Duncan mkate, lakini heshima aliipata kwingine. Miongoni mwa watu wa kwao waliokuwa Dubai, yeye ndiye aliyekuwa mpeleka habari. Kwao habari ya kifo haipigwi simu. Mtu yuko ugenini, peke yake, pengine amesimama juu ya ngazi na ndoo mkononi, nawe umwambie kwamba mama yake amekufa? Huo ni ukatili. Wanatumwa watu wawili. Wanamketisha. Wanamtilia chai yenye sukari nyingi. Kisha mmoja anasema kwa upole kwamba fulani ni mgonjwa kidogo, na ni vizuri aende kumwona. Habari yenyewe ataipata akiwa amefika, kati ya watu wenye mikono ya kumshika asianguke. Duncan alifundishwa na mama yake, ambaye kule kijijini alikuwa ameketisha nusu ya kata.

Na alikuwa fundi. Ken, aliyekuwa akifunga mizigo mtaa wa Naif, alipofiwa na mamake, Duncan alikwenda kwake na Dorcus, mweka hazina wa chama chao. Ken aliuliza mara tatu, "Niambie ukweli, bro. Mathee yuko hai?" Na mara tatu Duncan alimtazama machoni akamwambia yu hai, amelala tu, anakungoja wewe. Ken aliujua ukweli alipoliona turubai la matanga uani kwao. Baadaye alimpigia Duncan kumshukuru.

Ndiyo maana Duncan alishangaa sana Aleksi alipofiwa. Huyu Aleksi alikuwa kipa wa timu ya bluu, pande la mtu kutoka Finland, mwenye mazoea ya kulipigapiga gari la barafu kwa gongo lake kila lilipopita, kama mtu anayemsalimu ng'ombe wake. Katikati ya msimu alisoma kwenye simu yake, peke yake chumba cha kubadilishia nguo, kwamba baba yake amekufa. Akatoka akawaambia wenzake hivyo hivyo, amesimama. Mechi iliyofuata timu zote mbili zilijipanga kwenye mstari, zikavua helmeti, zikainamisha vichwa. Hakuna aliyetikisa gongo. Ukimya ule kwenye uwanja usio na mtazamaji hata mmoja ulimkaa Duncan mwilini kwa siku nyingi.

Alikuwa amezoea jambo jingine kutoka kwa wachezaji hao. Mchezaji akiumia akalala chini, kisha akainuliwa na kuanza kusogea, wote, wa timu yake na wa timu pinzani, hugonga magongo kwenye barafu. Ko, ko, ko, ko. Maana yake ni simama ndugu, tuko nawe. Duncan aliipenda ile sauti kuliko makofi ya kurekodi yaliyotoka kwenye spika.

Wiki ya mwisho ya msimu, Mercyline alikohoa kwenye simu.

"Ni nini hiyo?" Duncan aliuliza.

"Ni AC tu, Baba Everlyn. Hii ya ofisini inapuliza kama imetumwa. Wewe maliza mechi zako, mimi nishafungasha."

Haikuwa AC. Wahenga walisema mficha maradhi kilio humuumbua, lakini Mercyline hakuficha kwa ujinga. Alificha kwa sababu alijua mumewe angeruka ukuta wa Zizi. Jumanne pumzi zilimwisha ngazini, na Rosette akamkimbiza hospitali. Madaktari walimwambia Rosette kwamba hali si nzuri. Wakasema pia, na hili lilikuwa jambo la nadra siku zile, kwamba jamaa mmoja ataruhusiwa kuingia, avishwe mavazi ya kujikinga, akae naye kidogo.

Simu ya Duncan ilikuwa imefungiwa kabatini, kama zilivyofungiwa simu zote wakati wa kazi. Rosette akapiga ofisi ya uwanja, akampata Badawi.

Badawi alikuwa msimamizi wa zamu, mtu mzima, Mzanzibari ambaye babu yake alihamia Dubai zamani. Aliposikia habari hakupoteza muda. Alikwenda kwa wakubwa akaomba ruhusa ya Duncan kutoka, akapewa. Akaita gari lisimame mlangoni. Wakati huo Duncan alikuwa ametoka zamu, basi Badawi akaenda chumbani kwake, akafuatana na Shadia, nesi wa Zizi, kwa sababu sheria ya mle ndani ilikataza mtu mmoja kuingia chumba cha mfanyakazi bila shahidi. Na kwa kuwa Badawi hakuweza kumwendea mtu mikono mitupu, alibeba chupa ya chai. Badawi alikunywa chai tamu kupindukia. Ndivyo walivyoinywa kwao.

Duncan alifungua mlango akawaona wawili.

"Kaa kitako, ndugu yangu," Badawi alisema.

Duncan aliketi kitandani. Badawi akamimina chai, akampa. Duncan alionja sukari, akaacha kunywa.

"Kumetokea nini?"

Hapa Badawi alikosea, na alikosea kwa wema. Alimwona mtu amekwisha ogopa, akapunguza maneno. "Mkeo hajambo, ila mgonjwa kidogo. Nimekuombea ruhusa. Gari lipo nje, inuka wende ukamwone."

Shadia akaongeza kwa upole, "Inshallah kheri."

Duncan aliweka kikombe sakafuni. Watu wawili. Kuketishwa. Chai ya sukari nyingi. Mgonjwa kidogo, nenda ukamwone. Hakikukosekana kitu. Hata yeye mwenyewe asingeipanga vizuri zaidi.

"Asanteni," alisema. "Msinimalizie."

"Nisikumalizie nini?"

"Nimeelewa, boss. Khalas. Sitoki. Nitamaliza kazi."

Badawi na Shadia hawakujua ameelewa nini. Duncan alikwishageukia ukuta.

Na Mercyline alikuwa hai. Nalisema hapa mapema ili msomaji asije akadhani nalificha. Alikuwa hai, amewekewa kipumulio puani, macho kwenye mlango, akimwambia kila nesi aliyeingia kwamba mume wake ni dereva wa trekta la barafu na atafika sasa hivi.

Utauliza kwa nini mtu aliyeamini kwamba mkewe amekufa hakukimbilia hata maiti. Kwanza, waliokufa kwa korona hawakuwa wakirudishwa nyumbani. Walizikwa huku huku, na jamaa zao wakiwa mbali. Hilo ndilo alilojiambia. Lakini tuseme ukweli: Duncan aliogopa. Alijua kanuni ya kazi yake kuliko mtu yeyote. Habari haimaliziwi mpaka mfiwa afike. Basi kama hafiki, nani atammalizia? Akibaki Zizini, Mercyline atabaki mgonjwa kidogo. Alizima simu ili asisikie vilio kutoka nyumbani, na yeye mwenyewe hakupiga kwa mama yake, maana habari kama ile haipigwi simu. Angempigia mama yake mara moja tu, angeambiwa kwamba Mercyline ametoka kuongea nao sasa hivi. Mganga hajigangi.

Jumatano Badawi alimfuata pembeni ya uwanja, Duncan akiwa tayari amepanda kitini.

"Duncan, mkeo yu hai, wallahi. Washa simu yako umsikie."

Duncan alimtazama kwa huruma. Yu hai. Ndivyo alivyomwambia Ken.

"Boss, wewe ni mtu mzuri," alisema. "Lakini hii kazi naijua."

"Kazi gani? Sisi mtu akifa tunasema kafa, tunamzika siku hiyo hiyo, tumemaliza. Nikufiche kwa faida gani?" Badawi alitoa simu yake, akampigia Rosette, akaifungua sauti, akaiinua karibu na sikio la Duncan.

"Shemeji!" Rosette alikuwa analia. "Shemeji njoo, banange! Anakuita wewe. Kila saa anakuita wewe!"

Duncan alisikia kilio, na kilio ndicho kilichomthibitishia. Mtu hamlilii mgonjwa namna ile, aliwaza. Aliusukuma mkono wa Badawi taratibu, akawasha gari, akaingia barafuni. Alizunguka pole pole, ukingoni kwanza kisha katikati, na nyuma yake maji ya moto yalitoa mvuke. Huko ndani ya mvuke aliweza kulia bila kuulizwa na mtu. Alimlilia Mercyline kwa jina lake la nyumbani. Alimwomba msamaha kwa msimu mzima wa kuonana kwenye kioo cha simu, kwa kupenda sifa ya gari la ajabu, kwa kusema kila Ijumaa kwamba bado kidogo tu.

Badawi alirudi tena Alhamisi. Safari hii Duncan hakushuka garini. Gari la kumpeleka hospitali lilikuwa limekwisha kurudishwa. Jioni ile Badawi alimweleza Aleksi kisa chote, maana kipa alikuwa ameuliza kwa nini dereva hapokei tena salamu ya gongo.

Ijumaa mchana ikachezwa fainali. Timu ya bluu ilishinda, ingawa sidhani kama kuna mtu leo anayekumbuka mabao. Makofi ya kurekodi yalilia kwenye spika, karatasi za rangi zikamwagika kutoka juu, na kikombe kikatolewa kwa watu waliosimama mbele ya viti vitupu. Divisheni ya Jangwa ilikuwa imekwisha. Duncan aliingia na gari lake kukwangua karatasi zile, ingawa hakukuwa na mechi nyingine ya kuitengenezea barafu. Aliingia kwa mazoea tu.

Alipofika katikati alisikia ko.

Kisha ko, ko. Aleksi alikuwa amepiga goti moja golini pake, akigonga gongo chini. Wa bluu wakafuata, na wa nyekundu, walioshindwa na bado wana machozi usoni, nao wakafuata. Ko, ko, ko, ko, uwanja mzima, wote wakimtazama yeye. Aleksi alipaza sauti kwa Kiingereza chake kizito, "For your wife, Duncan! She will get up!"

Duncan aliinua mkono kushukuru, kama anavyoshukuru mfiwa. Mkono ukabaki hewani.

Hawa hawagongi magongo kwa maiti. Baba yake Aleksi alipokufa walivua helmeti wakanyamaza, wala gongo halikutikisika. Magongo hugongwa kwa aliyeumia anayeinuliwa. Hugongwa kwa mtu aliye hai. Na hawa watu hawana adabu ya kuficha kifo. Wanakisema wamesimama, na simu mkononi.

Alizima gari pale pale. Aliruka chini, akateleza akaanguka, akainuka, akakimbia kwa viatu vyake vya mpira huku sauti ya magongo ikiongezeka nyuma yake. Badawi alimkuta kwenye ujia.

"Yu hai?"

"Siku tatu nakwambia!"

"Nipeleke."

Badawi hakuuliza ruhusa ya mtu. Alichukua ufunguo wa gari lake mwenyewe, na wote wawili wakapita mlango wa Zizi bila kugeuka. Nje jua lilikuwa kali kiasi kwamba Duncan, aliyekuwa bado amevaa koti la barafuni, alihisi kuungua. Garini aliwasha simu. Ilitetemeka mkononi mwake kwa muda mrefu bila kupumzika, ujumbe juu ya ujumbe. Alifungua mmoja wa sauti, wa Jumatano.

"Baba Everlyn," Mercyline alisema, akivuta pumzi katikati ya neno. "Badawi anasema una kazi. Sawa. Usije ukakimbiza hilo trekta lako bure ukaanguka. Mimi niko. Nakungoja."

Hakufungua mwingine. "Yalla, boss, twende," alinong'ona. "Yalla, yalla."

Rosette alikuwa ameketi kwenye ukingo wa barabara mbele ya hospitali, juani, barakoa imeshuka kidevuni, mfuko wa plastiki wenye nguo za Mercyline magotini. Aliwaona wakishuka. Hakuinuka.

"Asubuhi, shemeji," alisema. "Asubuhi ya leo. Alikungoja mpaka asubuhi."

Alikuwa peke yake. Hakuwa na chai. Hakumketisha mtu. Duncan alisimama mbele yake na koti lake zito, na mikono ya Badawi ikamshika kwa nyuma kabla hajafika chini.

Hawakumruhusu kumwona. Ruhusa ilikuwa ya kumwona mgonjwa, si maiti.

Baadaye, kwenye kivuli cha ukuta wa hospitali, simu ililia. Ilikuwa mama yake.

"Wewe simu yako ilikuwa na nini?" mama aliuliza. "Mgonjwa wetu anaendeleaje? Juzi alitupigia, akasema uko njiani. Ulimkuta vizuri?"

Duncan alifumba macho. Maneno yote ya kazi yake yalimjia ulimini, laini, yamejipanga, kama yalivyowajia wengine wengi aliowaketisha.

"Mama," alisema. "Keti."

Mama yake hakuwa mtu wa kuelezwa neno hilo. Yeye ndiye aliyemfundisha.

"Duncan," alisema kwa sauti ndogo. "Usimalize. Ngoja kwanza nimwite shangazi yako. Usinimalizie, mwanangu."

"Namaliza, mama. Mercyline amekufa leo asubuhi. Jumanne alikuwa hai. Jumatano alikuwa hai, na jana. Gari lilikuja kunichukua, nikalirudisha, kwa sababu walikuja wawili na chai."

Alisikia kiti kikivutwa, na mtu akikikalia kwa uzito. Kisha kwa mbali ilisikika sauti ya Everlyn ikitoka nje, ikiuliza ni nani kwenye simu, ni mama?

"Ni baba yako," bibi yake alimjibu. "Njoo hapa uketi, mjukuu wangu. Mama yako ni mgonjwa kidogo."